Kibibi, Msimulizi wa Upande wa Nyuma

Katika miaka ile ya mwanzo ya Uhuru, kambi za wafanyakazi wa miwa pale Ramisi zilikuwa na wasimulizi wawili wa sinema, na hakuna hata mmoja kati yao aliyeijua sawasawa lugha ya sinema zenyewe. Jambo hili halikumsumbua mtu.

Sinema zilikuwa za Kihindi. Zililetwa na gari kutoka Mombasa kila mwezi, mwezi ukiwa na bahati, zikaonyeshwa kwenye kiwanja cha nyuma ya mizani ya miwa, juu ya kitambaa cheupe kilichofungwa baina ya nguzo mbili. Wanaume walikaa mbele ya kitambaa, upande wa mashine ya kuonyeshea picha. Wanawake walikaa nyuma yake. Hakuna aliyekumbuka amri hiyo ilitolewa na nani. Ilikuwa ni heshima tu, na heshima haiulizwi cheti cha kuzaliwa. Kitambaa kilikuwa chepesi, picha ikapenya na kuonekana vizuri pande zote mbili, isipokuwa kwamba walio nyuma waliiona imegeuka, kama uso kwenye kioo. Hili nalo halikumsumbua mtu, kwa sababu aliyekaa nyuma hakuwahi kukaa mbele, wala aliyekaa mbele hakuwahi kukaa nyuma, na kila mmoja alirudi nyumbani akiamini ameiona sinema.

Msimulizi wa mbele aliitwa Waziri, msimamizi wa zamu kiwandani, mtu mwenye sauti ya kuita feri ikiwa ng'ambo. Ujanani aliwahi kufika Bombay akiwa msaidizi wa mpishi melini. Mashahidi walisema hakushuka bandarini, kwa sababu ya kuumwa na tumbo, na Kihindi chake kilikuwa kile kinachoweza kusikika kupitia tundu la jiko. Kwa Waziri kila sinema ilikuwa ya polisi. Mwenye suti nyeupe ni inspekta, mwenye masharubu ni mwizi wa dhahabu, msichana ni shahidi wa serikali. Wakianza kuimba, Waziri alitangaza kwamba hapa wanapumzika, na wanaume wakaondoka kwenda kujisaidia.

Msimulizi wa nyuma alikuwa Kibibi binti Athmani, muuza bajia.

Kibibi alizaliwa Vanga, akaolewa huko huko angali msichana, na mtu aliyechaguliwa na wakubwa kwa sababu nyumba yake ilikuwa na bati. Bati lilidumu kuliko ndoa. Mume alikwenda Tanga kuuza kaa akarudi na mke wa pili, ambaye hakuwa ametajwa kabla ya hapo, na Kibibi akaomba talaka yake kwa adabu, kama mtu anayeomba maji ya kunywa. Kisha akavuka Likoni, akapata kazi ya uyaya katika nyumba ya mfanyabiashara wa vitambaa, Mhindi, mjini Mombasa. Mama wa nyumba ile alikwenda sinema kila siku iliyotengwa kwa wanawake, akarudi, akawasimulia binti zake yote aliyoyaona huku akikaanga bajia na Kibibi akimsogezea unga. Kibibi mwenyewe hakuwahi kupelekwa. Lakini jikoni mle alijifunza vitu viwili, bajia na mapenzi, na vyote viwili, alisema, huharibiwa na moto wa haraka.

Familia ile ilipohamia Uingereza, Kibibi akaja Ramisi kukaa na mama yake mdogo, Bi Mbodze. Asubuhi aliuza bajia kwenye lango la kiwanda. Gari la sinema likija, alikaa nyuma ya kitambaa, mbele ya wanawake wote, akaanza.

Maneno alielewa nusu, au tuseme theluthi, maana Kihindi cha sinema na lugha ya jikoni mle si kitu kimoja. Iliyobaki aliijaza mwenyewe, na wanawake wa Ramisi walikubaliana kwamba hiyo ndiyo sehemu iliyokuwa tamu zaidi.

Alikuwa na kanuni zake wala hakuzificha. Penzi lisilo na wa kulizuia, alisema, si hadithi. "Wameonana, wamependana, wamekubaliwa, wameoana. Hiyo nayo utamsimulia nani? Hiyo ni kupanda feri Likoni ukashuka ng'ambo." Tena mtazamaji ni lazima ajue jambo kabla ya msichana kulijua, na asiwe na njia ya kumwambia. Kanuni hii ndiyo iliyowainua mchangani watu wazima wenye wajukuu, wakakipigia kitambaa kelele: usiinywe hiyo, mwanangu, huyo mmenyonya ziwa moja, geuka, yuko nyuma ya mti. Msichana hakuwahi kugeuka. Walirudi nyumbani sauti zimewakauka, wana furaha ya watu waliotoka harusini.

Na kulikuwa na suala la mwanamume wa pili, tajiri anayetakiwa na baba. Sinema zenyewe zilimfanya mbaya kupita kiasi; alipiga farasi, alicheka akiwa peke yake. Kibibi hakukubali. Alimpa mama mgonjwa wa kumuuguza, akampa na utoto wa kuchekwa na wenzake, hata Mbeyu, jirani yake mwenye ulimi, akasema waziwazi kwamba yeye angemchukua huyo tajiri pamoja na mama yake mgonjwa.

"Ndipo sasa," Kibibi akamjibu. "Wa pili akiwa shetani, msichana hajachagua kitu. Hata mbuzi humkimbia chui."

Lakini fundisho lililompatia jina lilikuwa la mkono. Nyuma ya kitambaa, watu wote wa sinema walikula kwa mkono wa kushoto. Walimega chapati kwa kushoto, wakalishana vitamutamu kwa kushoto, wakapokea baraka za wazee kwa kushoto. Kwa watu waliofundishwa tangu kuachishwa ziwa kwamba mkono huo una shughuli zake nyingine, hili lilikuwa tatizo, na mwanzoni baadhi ya wanawake waliinuka wakaenda zao kwa kuchukizwa. Kibibi aliwahi kuwalisha watoto wa Kihindi na alijua fika kwamba wanakula kwa kulia kama watu wote wenye adabu. Alilifikiria jambo hilo kwa muda mrefu, na katika kulifikiria kote huko hakukifikiria kitambaa hata mara moja. Hata maandishi ya mwanzo wa sinema, nayo yamegeuka, hayakumshtua. Chuoni, kwa mwalimu wa Kurani, alisomeshwa herufi za Kiarabu peke yake, na maandishi yanayoanzia kulia kwenda kushoto aliyaona ni ya watu wenye akili zao.

Mwisho alikuja na jibu. Ni mapenzi, alisema. Mtu akipenda kwelikweli hupotewa na mkono wa kulia. Watengenezaji wa sinema wanajua, ndiyo alama yao. Ukimwona mtu anakula kwa kushoto, jua amependa na hana hila.

Mbeyu akauliza vipi basi kuhusu mama mkwe, maana mama mkwe naye alikuwa akila kwa kushoto, na kazi yake ni kutesa watu mchana kutwa. Kibibi akasema mama mkwe alipenda zamani, akakatazwa, na mkono ukabakia huko huko. Wanawake wakamtazama mama mkwe upya. Wengine walilia.

Sauti haizuiliwi na kitambaa. Upande wa wanaume alikuwapo Abdurahman, fundi wa mitambo ya kusaga miwa, mzaliwa wa Msambweni, aliyefiwa na mkewe zamani. Wenzake walisema amezungumza na mashine kwa miaka mingi, na kwa kuwa mashine hazikumjibu, akaacha kuzungumza. Siku moja, Waziri akiwa anaeleza jinsi inspekta alivyokuwa akitafuta alama za vidole kisimani, Abdurahman alisikia kwa upande wa pili kwamba mtu yule hatafuti kitu. Amekuja kuchungulia maji kwa sababu msichana aliyachungulia jana. Abdurahman alisogea. Sinema iliyofuata alisogea tena. Mwishowe alikuwa anakaa chini ya kitambaa kabisa, shingo imepinda, mahali ambapo picha haionekani isipokuwa kama siafu waliovurugwa. Rafiki zake wakadhani macho yameanza kumwishia, wakamsikitikia.

Hapo ndipo aliposikia fundisho la mkono. Yeye upande wake aliona watu wanakula kwa kulia, na mtu aliyezoea kufungua mtambo na kuufunga tena hakawii kujua kitu kimegeuka wapi. Akanyamaza. Kwenye kambi ya wanaume, kujua jambo ambalo lingewachekesha wote mpaka msimu wa mvua, na kulikalia kimya, ni aina ya ibada.

Kila asubuhi alinunua bajia langoni, akasalimu, akaenda zake. Kisha akampeleka mshenga.

Mshenga alikuwa Mzee Chome, mkata miwa wa zamani, mtu anayejua kuongea na wazee wenzake. Alikwenda Msambweni kwa Mjomba Zahoro, kaka wa marehemu mama yake Kibibi, kwa kuwa kwa Wadigo kama wao neno la mjomba ndilo kufuli na ndilo ufunguo. Chome alijiandaa kwa upinzani. Alikuwa na methali za kufungulia, methali za kujibu, na moja kali aliyoiweka kwa dharura. Mjomba Zahoro alikubali wakiwa bado kwenye methali ya kwanza, akaagiza kahawa. Bi Mbodze akakubali. Imamu akakubali. Yule mume wa zamani wa Vanga, ambaye hakuulizwa, akatuma salamu kwamba yeye hana neno.

Kibibi peke yake ndiye hakujibu. Alisema atajibu, akarudi kwenye unga wake.

Wanawake walimwelewa, kwa sababu yeye mwenyewe ndiye aliyewafundisha. Walimjadili Abdurahman walipokuwa wakipalilia miwa, na hakupata alama za kutosha. Mbeyu alisema kasoro yake kubwa ni kwamba hana hata adui mmoja. Lakini Bi Mbodze alipomwita Kibibi ndani amwulize kwa wema tatizo ni nini, alipata jibu ambalo halikuwa la sinema.

"Ile ya Vanga nayo kila mtu alikubali, mama. Walikubali wote, hata kuku wa nyumbani alikubali. Mimi ndiye sikuwa nimeulizwa." Akakung'uta unga mikononi. "Huyu ni mtu mzuri. Lakini anayependa huacha kitu. Yeye ataacha nini? Ataacha kula peke yake?"



Maneno haya yalimfikia Chome, kwa sababu nyumba za kambi zilikuwa za mabati na masikio ya watu yalikuwa mazima. Chome akaona kazi ya mshenga haijaisha. Ikiwa bibi harusi anataka dhoruba, basi atafutiwe. Alimwendea Waziri akamwomba amtukane Kibibi langoni asubuhi, matusi ya wastani, ili Abdurahman apate wa kumkabili. Waziri alifurahi sana. Kutukana watu lilikuwa jambo analolifanya bure kila siku. Lakini asubuhi ilipofika, akasimama mbele ya karai la bajia na mshenga akimchungulia kutoka kwenye mizani, hakuna tusi lililokuja. Ulimi uliozoea kwenda wenyewe, ukitumwa hukaidi. Mwishowe alisema bajia zina chumvi. Kibibi alionja, akakubali, akaomba radhi, akamwongezea nyingine. Waziri akashukuru. Abdurahman wakati huo alikuwa amepiga magoti chini ya mkanda wa mashine na hakusikia chochote.

Basi mambo yangekaa hivyo mpaka leo, lau si kuja kwa Bi Jemima.

Bi Jemima alikuwa afisa mpya wa ustawi wa wafanyakazi, binti wa Kikristo kutoka Rabai, mwenye elimu na viatu vya kufunga kamba. Aliitisha mkutano, akasema ameona kwa macho yake wanawake wameketishwa nyuma ya picha kama vyombo vilivyokwisha kuoshwa. Uhuru haukuja kwa nusu ya watu. Kuanzia sinema ijayo wanawake watakaa mbele, upande wao wa mkeka, na wanaume upande wao. Wanawake walipiga vigelegele. Kibibi naye alipiga, akiwa na wasiwasi mmoja tu, kwamba atalazimika kumsikiliza Waziri.

Mtu mmoja ndiye aliyejua kitakachotokea. Abdurahman alinawa mafuta mikononi, akavaa kanzu siku isiyokuwa Ijumaa, akaenda ofisini kwa Bi Jemima. Akamwamkia, akakaa, akaomba kwa heshima wanawake waachwe palepale walipo. Bi Jemima akamwuliza sababu. Abdurahman aliifikiria sababu, akaona kwamba kuitamka ni kumfedhehesha Kibibi kwa mikono yake mwenyewe, akasema hana sababu. Bi Jemima akampa maelezo marefu kuhusu haki, taifa changa na wanaume wa aina yake. Abdurahman akasema, "Ndiyo, Bi," mara kadhaa, akaondoka.

Habari ilimtangulia kufika kambini. Fundi Abdurahman anataka wanawake warudishwe gizani. Anasema hata sababu hana. Wanawake waliokuwa wakimwona hana ladha sasa walimwona ana ladha mbaya. Mbeyu alikubali kwamba alimkosea. Adui anaye, tena adui mwenyewe ni Kibibi.

Kibibi alilia kidogo, kisha akakasirika sana, na katika hayo mawili hasira ndiyo iliyomshangaza, kwa sababu mtu hamkasirikii hivyo asiyemhusu. Alimtumia Chome neno: aje siku ya sinema kuchukua jibu. Kila mtu alijua jibu lenyewe. Chome alikwenda akiwa na ile methali kali ya dharura, ingawa hakuona itaingia wapi.

Siku hiyo kiwanja kilijaa. Wanawake walikuja na leso mpya, wakatandika mikeka upande wa kulia. Picha ilikuwa ya karani wa stesheni ya reli na binti wa mwenye duka la dhahabu. Waziri alianza kwa kishindo: huyu karani si karani, ni inspekta amejigeuza. Kibibi akaanza kwa sauti ya chini kwa wale waliokaa karibu naye. Kwa muda kila kitu kilikwenda sawa.

Kisha yule msichana akamletea karani chakula stesheni. Wakakaa kwenye benchi. Karani akamega chapati kwa mkono wa kulia, akampa msichana, naye akaipokea kwa kulia, akala.

Upande wa wanawake shingo zikanyooka. Mzee mmoja kwenye picha akapita akila njugu, kwa kulia. Mtoto akanyonya kidole; cha kulia.

"Kibibi," Mbeyu akasema, na hakukusudia ubaya, "mbona leo hawapendani?"

Kwa mara ya kwanza tangu aje Ramisi, Kibibi alikuwa anaitazama picha na hana la kusema.

Waziri hakuwahi kuelewa kitu cha sinema kwa haraka, lakini hiki alikielewa mara moja. Aliinuka, mwanga wa mashine ukampiga mgongoni, akawaeleza mabibi kwa upole mkubwa kwamba miaka yote wamekuwa wakitazama mgongo wa picha. Mkono wa kushoto wa nyuma ndio wa kulia wa mbele. Hakuna aliyepotewa na mkono. Hayo mapenzi ya kushoto yalitengenezwa jikoni kwa muuza bajia. Wanaume wakacheka. Walicheka kile kicheko kinachopumzika kidogo kikaanza upya.

Mkanda wa kwanza ukaisha papo hapo. Taa ya jenereta ikawashwa ili mwenye mashine abadilishe mkanda, na kama kawaida siniya za mahamri na kahawa zikaanza kupitishwa. Kibibi alikaa, leso ameivuta mdomoni. Kicheko cha wanaume aliweza kukivumilia. Kilichokuwa kigumu ni wanawake, ambao hawakucheka. Walikuwa wanarudi nyuma kimoyomoyo, sinema moja baada ya nyingine, wakihesabu machozi yaliyotoka bure.

Abdurahman aliinuka akaenda kusimama chini ya taa, mahali ambapo kila mtu alimwona. Siniya ilipomfikia, alichukua hamri moja kwa mkono wa kushoto, akalishika mbele ya kifua chake, akangoja.

Chome, aliyekuwa karibu, alidhani ni bahati mbaya. "Mkono, bwana," akamnong'oneza.

"Ninao."

"Wa kulia, Abdurahman."

Abdurahman akajibu kwa sauti ambayo hakuna mtu wa Ramisi aliyewahi kuisikia, kwa kuwa mwenyewe alikuwa hajaitumia. "Wa kulia umepotea, mzee. Tangu mwaka juzi."

Akauma.

Kicheko kilikatika. Kutaniana ni jambo moja, na Mwislamu mtu mzima kula kwa kushoto mbele ya kadamnasi, naye imamu amekaa kwenye kiti cha mbele, ni jambo jingine. Mtu mmoja alisema astaghfirullah. Mwingine alihamisha kikombe chake cha kahawa. Abdurahman alitafuna polepole. Lilikuwa hamri kubwa, na alilimaliza lote, amesimama peke yake, hakuna aliyetaka kuwa karibu naye.

"Huyu si wa kwenye kitambaa, hajageuzwa," Mbeyu akasema.

Halafu mwanamke mwingine akauliza kwa sauti: huyu si alikaa mbele siku zote? Alilisikiaje fundisho la nyuma?

Kibibi alikuwa hodari wa kupanga matukio, na haya aliyapanga kabla mkanda wa pili haujafungwa. Ikiwa alisikia, basi alijua. Ikiwa alijua, alikuwa anajua alipokwenda ofisini kwa Bi Jemima. Na kama alikwenda akiwa anajua, na hana sababu ya kutaja, basi sababu ilikuwa ni yeye. Aliishusha leso.

Taa ikazimwa. Waziri akaanza kusema kwamba inspekta sasa amepata fununu, na sauti nyingine ikamkatiza, sauti ya kwenye karai la bajia.

"Mkono niliukosea," Kibibi alisema. "Watu sikuwakosea. Huyu ni karani wa stesheni, hana kitu, na anajua saa ya kila gari isipokuwa lile litakalompeleka msichana. Tazameni macho yake, muache mikono." Na akaendelea. Alimpa baba wa msichana sababu nzuri za kukataa. Alimpa mchumba tajiri kigugumizi. Wakaanza kuimba, na wanaume, ambao desturi yao ni kuondoka, walibaki wamekaa, baadhi yao kwa shida.

Ijumaa iliyofuata hotuba ya msikitini ilikuwa ya adabu za kula, tangu mwanzo hadi mwisho. Abdurahman alikaa safu ya kwanza akaisikiliza yote. Kiwandani kwa muda mrefu alikula pembeni, na wakwe watarajiwa wa binamu yake walituma kuuliza kama ugonjwa ule ni wa ukoo. Hakumweleza mtu. Bi Jemima, ambaye hakuelewa lolote katika mambo haya, aliamua wanawake wakae wapendapo. Nusu walirudi nyuma ya kitambaa, wakisema upande wa mbele watu hawapendani vizuri.

Chome alipokwenda tena kuchukua jibu, Kibibi alimwambia ameshaulizwa na wazee. Sasa mwenyewe aje. Mwenyewe akaja langoni asubuhi, akasimama mbele ya karai, na watu waliokuwa nyuma yake kwenye foleni wakawa na subira isiyo ya kawaida.

"Ulijua tangu lini?" Kibibi akamwuliza.

"Tangu siku ile ya fundisho la mkono."

"Na hukuniambia."

"Ulikuwa unasimulia," Abdurahman akasema.

Kibibi alimfungia bajia zake kwenye karatasi, akamwambia amtume Mzee Chome kwa mjomba akapange siku.

Nikaha ilifungwa nyumbani kwa Bi Mbodze. Sheikh alitoka Msambweni na mashahidi wake. Kwa kuwa Kibibi alikuwa ameshaolewa kabla, ukimya wake usingetosha kuwa idhini. Ilikuwa lazima atamke kwa ulimi wake. Wanawake walikijaza chumba, wengine wamekaa juu ya masanduku, na Mbeyu alikuwa amemwelekeza bibi harusi tangu alfajiri: akiulizwa mara ya kwanza anyamaze, ya pili alie, ya tatu ndipo ajibu, tena kwa sauti isiyosikika vizuri.

Sheikh akamwuliza kama ameridhia kuozwa kwa Abdurahman bin, na kabla hajalifikia jina la baba, Kibibi akasema, "Nimeridhia." Sheikh, ambaye hakuwahi kupata jibu mbele ya swali, ilimbidi alimalizie swali lake peke yake.

Nje walipiga vigelegele. Ndani Mbeyu alikuwa ameudhika kweli.

"Umetuharibia," akasema. "Tumekaa hapa tangu asubuhi, na wewe ndiye uliyetufundisha."

"Nyinyi mlikuwa mnatazama, shoga," Kibibi akamwambia. "Mimi nilikuwa naolewa."

Mbeyu alisema hilo si jibu, akaenda kupakua pilau.